John Kirk, munganga wa mimea aliyetuma watu hadi Kabambare

Tarehe 4 mwezi wa pili mwaka wa 1871, watu kumi waliingia Kabambare wakitoka pwani. Walikuwa wamevuka Ziwa Tanganyika na kukata pori la Maniema kwa miguu. Aliyekuwa anawangojea ni mzee muzungu, David Livingstone, ambaye alikuwa amekaa pale miezi zaidi ya sita juu ya vidonda vya miguu. Wale watu wakampa barua moja. Zingine arobaini hivi zilikuwa zimepotea njiani.

Jina la Livingstone linajulikana Maniema yote. La Stanley pia, na la Tippu Tip aliyekaa Kasongo ndiyo usiseme. Lakini wale watu kumi walitumwa na mtu mwingine, ambaye hakukanyaga Maniema hata siku moja. Alikuwa anakaa Zanzibar. Jina lake ni John Kirk, munganga wa kupasua, mtaalamu wa mimea, kisha balozi wa Uingereza. Kazi yake ilianza na majani na mizizi. Mwisho wake ikagusa soko la watumwa, mupira wa porini na mipaka ya Afrika. Ndiyo maana maisha yake yanawahusu pia watu wa Lusangi, Kasongo na Kabambare.

Mtoto wa mchungaji

John Kirk alizaliwa tarehe 19 mwezi wa kumi na mbili mwaka wa 1832, katika kijiji cha Barry, kule Scotland. Baba yake alikuwa mchungaji wa kanisa. Kijana alisoma uganga kwenye chuo kikuu cha Edinburgh na akamaliza mwaka wa 1854.

Siku zile, munganga ambaye hajui mimea alikuwa sawa fundi asiye na nyundo. Dawa nyingi zilitoka moja kwa moja kwenye maganda, mizizi na mbegu. Mwanafunzi wa uganga alilazimika kujifunza majani, maua na namna ya kuyakausha katikati ya karatasi. Wengi walisoma mambo hayo ili wapite mtihani tu. Kirk, yeye, aliyapenda.

Mwaka wa 1855, wakati wa vita ya Crimea, alijitolea kwenda kutumika katika hospitali ya Waingereza kule Uturuki, upande wa mlango wa bahari wa Dardanelles. Aliuguza askari, na kila alipopata nafasi alipanda vilima kutafuta mimea. Aliporudi Uingereza, wakubwa wa bustani ya Kew, karibu na London, walikuwa wamekwisha kumjua. Bustani ile ndiyo ilikuwa ghala kubwa la mimea iliyotoka kila upande wa dunia. Livingstone alipotafuta munganga anayejua pia mimea, Kirk akachukuliwa.

Miaka mitano ya Zambezi

Safari ilianza mwaka wa 1858. Serikali ya Uingereza ilitaka kujua kama mto Zambezi unaweza kupitisha masuwa hadi ndani ya bara, na kama nchi ile inaweza kutoa pamba na mazao mengine ya biashara. Kirk alipewa kazi mbili: kuuguza wagonjwa wa safari na kuandika mimea yenye faida.

Haikuwa safari nzuri. Maporomoko ya Kebrabasa yalifunga mto. Masuwa yao ilikuwa mbovu. Wazungu wakagombana wao kwa wao. Homa ikashika kila mtu. Mwaka wa 1859, Livingstone na Kirk walifika Ziwa Nyasa, lile ambalo leo linaitwa pia Ziwa Malawi. Mwaka uliofuata, wakati wa kurudi, mtumbwi wa Kirk ukapinduka pale Kebrabasa. Yeye mwenyewe aliponea chupuchupu, lakini maandiko yake ya safari na michoro yake ya mimea ikaenda na maji.

Mwezi wa nne mwaka wa 1862, Mary, mke wa Livingstone, alikufa kwa homa kule Shupanga, kando ya Zambezi. Kirk ndiye alimuuguza, na hakuweza kumwokoa. Kwa munganga kijana, hayo si mambo ya kusahau.

Katika bonde la mto Shire waliona jambo lingine. Mwaka wa 1861, safari yao ilikutana na msafara wa watumwa, watu waliofungwa shingo kwenye miti. Watu 84 wakafunguliwa, wengi wao wanawake na watoto. Kadiri walivyoendelea mbele, waliona vijiji vilivyochomwa na mashamba yasiyo na mtu. Kirk aliyaona hayo kwa macho yake, miaka mingi mbele ya kupewa kazi ya kuongea na Sultani juu ya biashara ya watu.

Kitabu chake cha kila siku, ambacho kilichapishwa mwaka wa 1965, kinaonyesha kwamba hakuwa mtu wa kumsifu mkubwa wake bure. Aliandika ukali juu ya Livingstone, namna alivyokataa shauri na namna alivyoweka maisha ya watu katika hatari. Mwaka wa 1863, kuhara damu kulimlaza Kirk na akarudishwa Ulaya.

Mswaki uliokuwa mchungu

Katika bonde lile la Shire, wawindaji walipaka mishale yao sumu iliyoitwa kombe. Nyama iliyopigwa haikwenda mbali. Kirk aliuliza, akaonyeshwa mmea wenyewe: ni kamba ya porini inayopanda juu ya miti mikubwa, yenye mbegu zilizo na manyoya marefu kama unyoya wa ndege. Akachukua vipande vya sumu na mbegu, akaviweka pamoja na vitu vyake.

Siku moja alipiga mswaki na kuonja uchungu mkali mdomoni. Kumbe mswaki ulikuwa umekaa pamoja na ile sumu. Mtu mwingine angetema mate na kuogopa. Kirk alijishika mkono na kuhesabu mapigo ya moyo. Siku ile alikuwa na mafua na moyo wake ulikuwa unakwenda mbio, lakini sasa aliona mapigo yamepungua. Akaelewa kwamba kitu kinachosimamisha moyo wa nyati, kikipimwa kidogo kabisa, labda kinaweza kutuliza moyo wa mtu mgonjwa.

Mbegu zilifika Uingereza. Mtaalamu wa Kew, Daniel Oliver, akaupa mmea jina la kitaalamu: Strophanthus kombe. Kule Edinburgh, munganga Thomas Fraser alichunguza sumu ile miaka mingi, na mwaka wa 1885 akaonyesha kwamba inasaidia wagonjwa wa moyo. Dawa iliyotoka humo, strofantini, ilitumiwa katika hospitali za Ulaya kwa miaka mingi ya karne ya 20. Hakuna mtu anayepaswa kuijaribu nyumbani. Tofauti kati ya kipimo kinachoponya na kinachoua ni ndogo sana, na ndiyo maana waganga wengi wakaiacha baadaye.

Jambo moja lakini lisisahaulike. Kirk hakugundua kwamba kombe ina nguvu juu ya moyo wa mnyama. Wawindaji walikuwa wanajua hilo tangu mababu. Yeye alifungua macho, akauliza, akapima, akaandika.

Munganga wa Zanzibar

Mwaka wa 1866 Kirk alirudi Afrika, safari hii Zanzibar, kama munganga wa ubalozi wa Uingereza. Mwaka uliofuata akaoa Helen Cooke. Alipaswa kuuguza watu tu, lakini kidogo kidogo akaingizwa katika mambo ya utawala: kwanza msaidizi wa balozi, kisha kaimu, na mwaka wa 1873 akawa balozi mkuu mwenyewe.

Kazi ya mimea hakuiacha. Alikuwa na shamba Mbweni, kusini mwa mji, na akapanda humo miti na maua kutoka sehemu nyingi. Kila masuwa iliyokwenda Uingereza ilibeba mbegu, mizizi ao majani makavu yaliyotumwa Kew. Ua moja alilolituma, lenye rangi kali na linalopenda kivuli, lilipewa jina la Sultani wa Zanzibar mwaka wa 1882. Leo ua la aina ile linapandwa kwenye bustani na kwenye madirisha ya nyumba za Ulaya na Marekani, na wengi hawajui kwamba asili yake ni Afrika ya mashariki. Hata wanyama walichukua jina la Kirk: kima mwekundu wa Zanzibar, ambaye wenyeji wanamuita kima punju, na paa mdogo wa nchi kavu.

Alichunguza pia sandarusi, ile gundi ngumu inayochimbwa udongoni na kuuzwa ng'ambo kwa kutengeneza rangi ya kung'arisha mbao. Watu wa biashara walibishana ilitoka wapi. Kirk alionyesha kwamba sandarusi ya udongoni ilitoka kwenye mti uleule ambao ungali unaota pwani hadi leo. Ni utomvu wa miti ya zamani sana, uliobaki chini baada ya miti yenyewe kuoza.

Posho iliyopotea

Mwaka wa 1869, akiwa Ujiji, Livingstone aliandika barua kwa Kirk akimuomba watu na posho: nguo, shanga, dawa. Bila vitu hivyo, kwenda Maniema ilikuwa shida, juu siku zile shanga na nguo ndizo zilikuwa franga.

Lakini wakati ule kipindupindu kilishika Zanzibar. Watu walikufa wengi sana, na wapagazi hawakupatikana. Kirk alipitia kwa wafanyabiashara Wahindi wa mjini ili wamtafutie watu. Baadhi ya waliopatikana walikuwa watumwa wa wafanyabiashara wale. Kiongozi mmoja wa msafara alipofika Ujiji aliuza vitu vya Livingstone na kuvitapanya. Msafara mwingine ulikaa Bagamoyo miezi mingi bila kuondoka, hadi Kirk alipokwenda mwenyewe mwezi wa pili mwaka wa 1871 kuusukuma.

Watu kumi tu ndio walifika Kabambare. Na walipofika, wakakataa kusonga mbele. Walitaka kuongezwa malipo. Walisema eti balozi aliwaagiza wamrudishe mzee pwani, wasimpeleke mbele. Livingstone akalazimika kusemezana nao siku nyingi mbele ya kuondoka. Mwisho wa mwezi wa tatu walifika Nyangwe, kando ya Lualaba. Pale napo hakupata mtumbwi wa kushuka nao mto, na watu walewale walimletea ugumu.

Tarehe 15 mwezi wa saba mwaka wa 1871, siku ya soko, watu wenye bunduki wa wafanyabiashara walianza kupiga risasi katikati ya wanawake waliokuja kuuza. Wengi walijitupa Lualaba na wakazama. Wafanyabiashara wenyewe walikadiria kwamba waliokufa walikuwa kati ya 330 na 400. Livingstone aliona yote. Karatasi ilikuwa imekwisha na wino pia, basi akaandika juu ya magazeti ya zamani kwa wino uliotengenezwa na mmea wa pale pale. Maneno yale yalifika Uingereza mwaka wa 1872, baada ya Stanley kumkuta Ujiji.

Stanley alipotoka bara, alimshtaki Kirk mbele ya dunia nzima. Alisema Kirk alimwacha Livingstone afe njaa. Livingstone naye aliandika barua za uchungu, akilalamika kwamba ametumiwa watumwa badala ya watu huru. Mashtaka yale yalimuumiza Kirk sana. Mwaka wa 1873 mjumbe wa serikali, Bartle Frere, alichunguza jambo hilo na akaona Kirk hana kosa la kumtupa rafiki. Na kweli, kipindupindu hakikuwa kisingizio. Lakini neno moja lilibaki: mtu wa serikali iliyojisifu kupinga utumwa alituma msafara wenye watumwa ndani. Zanzibar ya siku zile, utumwa ulikuwa umeingia katika kila kazi, hata katika msafara wa kumsaidia adui mkubwa wa utumwa.

Soko linafungwa

Habari za Nyangwe ziliwasha moto Uingereza. Mwanzo wa 1873, Frere alikwenda Zanzibar na masuwa za vita, akamtaka Sultani Barghash atie sahihi ya kukomesha biashara ya watumwa baharini. Barghash akakataa. Mwaka mmoja mbele yake, tufani kubwa ilikuwa imeangusha mikarafuu ya kisiwa, na mali yake ilikuwa imepungua. Frere akaondoka mikono mitupu.

Kazi ikabaki kwa Kirk. Yeye alikuwa anajua Kiswahili, anamjua Barghash kwa miaka, anajua nani anamshauri na nini kinamtia hofu. London ikamtumia agizo: Sultani asipotia sahihi, masuwa za Uingereza zitafunga kisiwa, hakuna kitakachoingia wala kutoka. Kirk akampelekea neno hilo. Tarehe 5 mwezi wa sita mwaka wa 1873, Barghash akatia sahihi. Soko la watumwa la Zanzibar likafungwa, na mwisho wa mwaka uleule Waingereza wakaanza kujenga kanisa kubwa mahali pale pale.

Sifa nyingi zilimfuata Kirk juu ya siku ile, na anastahili sehemu yake. Watu wengi hawakupandishwa tena masuwa kwa sababu ya sahihi ile. Lakini karatasi ya Zanzibar haikuwa na miguu ya kufika Lualaba. Wafanyabiashara wa watumwa walibadili njia, wakapita nchi kavu kando ya pwani, hadi Barghash alipolazimika kutoa amri zingine mwaka wa 1876. Na utumwa wenyewe uliendelea kuruhusiwa Zanzibar hadi mwaka wa 1897.

Huku Maniema, mambo yaliongezeka badala ya kupungua. Ni kunako mwaka wa 1875, miaka miwili baada ya soko kufungwa, ambapo Tippu Tip alijenga nguvu zake Kasongo. Pembe za ndovu zilihitaji wapagazi, na mashamba ya mpunga yalihitaji mikono. Mateka wa Maniema wakabaki wanatumika humuhumu Maniema ao njiani, bila kuonekana na balozi yeyote.

Kamba ya mupira

Katika miaka hiyohiyo, Kirk alitembea bara la pwani, upande wa Dar es Salaam, akaona wenyeji wanakata kamba ya porini inayotoa maziwa mazito. Maziwa yakikauka yanakuwa mupira. Akatuma vipande Kew. Mmea ukaitwa Landolphia kirkii, ndiyo kusema landolfia ya Kirk. Biashara ya mupira ikaanza kukua pwani, na kwa Kirk hiyo ilikuwa habari njema. Yeye, kama wengi wa wakati ule, aliamini kwamba biashara ya mazao itaua biashara ya watu. Watu wakiona faida kwenye mupira, alifikiri, wataacha kuuzana.

Huku Kongo, jibu lilikuja kwa namna nyingine. Kamba za ukoo uleule wa landolfia zimejaa katika mapori ya Kongo. Wakati wa Leopold wa Pili, mfalme wa Ubelgiji, mupira wa kamba hizo uligeuka kodi ya lazima. Kijiji kisichotimiza kipimo kilipigwa, kilichomwa, wake wa watu walifungwa hadi wanaume warudi na vikapu. Si Kirk aliyefanya hayo, na landolfia ya Kongo haikungoja Kirk ili iote. Lakini matumaini yake, kwamba mmea wa biashara utaleta uhuru wenyewe, yalionekana kuwa matupu. Mmea hauna kosa. Kila kitu kilitegemea nani ameshika fimbo.

Sultani ananyang'anywa bara

Kwa miaka kumi na zaidi, Kirk alimjenga Barghash. Mpango wake ulikuwa huu: Sultani awe na nguvu pwani na bara, na nyuma ya Sultani Uingereza iongoze mambo polepole, bila gharama kubwa. Watu wa Zanzibar walimuona Kirk kama mtu wa pili baada ya Sultani, na wengine walisema ni wa kwanza.

Mwisho wa 1884, Mjerumani Karl Peters aliingia bara kwa siri na kurudi na karatasi zenye alama za machifu. Serikali ya Ujerumani ikazikubali. Mwezi wa nane mwaka wa 1885 masuwa za vita za Ujerumani zilisimama mbele ya jumba la Sultani, mizinga ikielekea mjini. Barghash alimtazama Kirk. London, ambayo haikutaka kugombana na Ujerumani, ilimwagiza Kirk amwambie Sultani akubali. Kirk aliumia, akabisha kwa barua, lakini alitii. Mtu aliyemwambia Barghash amtegemee ndiye alimpelekea habari ya kwamba yuko peke yake.

Mwaka wa 1886, Waingereza na Wajerumani wakagawana bara, na Sultani akaachiwa visiwa na ukanda mwembamba wa pwani wa maili 10. Mwaka uleule Tippu Tip alifika Zanzibar akitoka Maniema, akakuta Sultani hana tena tumaini la bara. Mwanzo wa 1887 akakubali kuwa liwali wa Leopold kule Stanley Falls, Kisangani ya leo. Hivyo ndivyo Kasongo, Nyangwe na Kabambare zilitoka katika kivuli cha Zanzibar na kuingia mkononi mwa Leopold.

Mwisho wa safari

Kirk aliondoka Zanzibar mwaka wa 1886 na hakurudi tena kwenye kazi ile. Barghash alikufa mwaka wa 1888. Uingereza ilimpa Kirk vyeo na nishani, na jina lake likawa Sir John Kirk. Mwaka wa 1887 akaingizwa katika shirika la wataalamu wakubwa wa Uingereza. Alikuwa pia kati ya wakubwa wa kampuni ya Waingereza iliyochukua nchi za Kenya na Uganda ya leo.

Mwaka wa 1889 na 1890 alikaa Brussels kama mjumbe wa Uingereza katika mkutano wa mataifa juu ya kukomesha biashara ya watumwa. Mkutano ule ulimpa Leopold nafasi ya kutoza ushuru juu ya vitu vinavyoingia Kongo, eti apate franga za kupiga vita utumwa. Vita yenyewe ilifika Maniema mwaka wa 1892. Mwaka wa 1893 Nyangwe na Kasongo zilianguka, na mwanzo wa 1894 Kabambare pia. Wafanyabiashara wa watumwa waliondolewa. Baada yao ukaja mupira.

Kirk alizeekea Sevenoaks, kusini mwa London, katikati ya bustani yake. Alikufa tarehe 15 mwezi wa kwanza mwaka wa 1922, akiwa na miaka 89. Alikuwa amezika karibu wote aliosafiri nao Zambezi.

Majina mawili

Mtu anaweza kumpima Kirk kwa namna nyingi. Alifunga soko, na hilo si dogo. Aliacha rafiki yake Sultani, hata kama moyo haukutaka. Aliamini mambo ya biashara ambayo yaligeuka kilio. Na alikuwa mmoja wa wazungu wachache wa wakati wake waliouliza wenyeji kuhusu pori na kusikiliza majibu.

Hilo la mwisho linaonekana katika majina ya mimea miwili. Kamba ya mupira ilichukua jina lake, Landolphia kirkii, ingawa wenyeji walikuwa wanaikata mbele yake. Lakini mmea wa sumu, ule ulioleta dawa ya moyo, ulibaki na neno la watu wa Shire: kombe. Hakuna hata mwindaji mmoja ambaye jina lake liliingia katika jina la mmea ao la dawa. Neno lao tu ndilo limebaki, na kila mtaalamu wa dunia anayeandika juu ya mmea ule analazimika kuliandika.

Kila kijiji kati ya Kasongo na Kabambare kina wazee wanaojua mti gani unatuliza tumbo, mzizi gani haufai kwa mama mjamzito, kamba gani haiguswi. Kirk alitembea na karatasi na kalamu, na ndiyo sababu aliyoambiwa yamebaki. Wajukuu wa wazee wale leo wanajua kuandika. Daftari moja la shule linatosha kuanza.